Jeshi Hufuata Bohari

Mimi si mwanajeshi. Kazi yangu ni mashine za boti, hapa Amu, yaani Lamu, upande wa Langoni, na bunduki sijawahi kuishika maishani. Lakini tangu 1991 nimekaa na kufanya kazi na watu waliopitia vita vya Kismayu, mji wa bandari wa kusini mwa Somalia, wakubwa kwa wadogo, na wamenifundisha jambo ambalo sikulisikia redioni hata siku moja. Katika vita vya wenyewe kwa wenyewe anayeamrisha ni mwenye chakula. Chakula kikiisha, mwenye cheo huwa mfungwa wa watu wake. Nilipolisikia mara ya kwanza nilidhani ni maneno ya mzee aliyechoka. Miaka ikapita, likaja kunikuta karakanani kwangu.

Siad Barre, rais wa Somalia, alikimbia Mogadishu mwishoni mwa Januari 1991. Haukupita muda, mashua na majahazi yakaanza kuingia kwetu kutoka Kismayu na visiwa vya Chula, Chovai na Koyama. Wengi walikuwa Wabajuni, na kwa mtu wa Faza au Kizingitini huku kwetu wale walikuwa binamu, hilo jina la wakimbizi walilipata kwa serikali. Wengine walikaa majumbani kwa jamaa, wengine wakasonga hadi Malindi, na wengi wakaishia kambi ya Jomvu kule Mombasa. Walikuja na magodoro, na cherehani, na mbuzi waliofungwa miguu.

Ami alikuja na daftari. Daftari la jalada gumu, limefungwa kwa ukanda wa mpira wa tairi. Alikuwa sajini katika jeshi la Barre, mtunza bohari wa kikosi cha Kismayu. Namwita Ami tu, kama tulivyomwita sote. Alisimama mlangoni pangu, akatazama sanduku langu la spana, akasema, "Mwanangu, hii si karakana, hili ni jaa." Nikamwambia sina pesa ya kuajiri mtu. Akasema hakuomba pesa, nimpe chakula cha mchana na chaki.

Alichofanya na ile chaki nakikumbuka vizuri. Alimwaga plagi, nati, pini za propela na bushi zote sakafuni, akaziosha kwa petroli, akazipanga kwa ukubwa ndani ya mikebe ya maziwa. Kisha akachora safu upande wa ndani wa mlango. Kitu kikitoka, mstari. Kikirudi, mstari unakatwa. Mafundi vijana walimcheka. Lakini jioni alikuwa hafungi mlango mpaka kila mstari uwe na mwenzake, na kama spana ya kumi na tatu haijarudi, basi hakuna anayekwenda kwake, hata mimi mwenye karakana. Nilichukia kwanza, halafu nikaona sinunui tena spana kila mwezi.

Vita alivisimulia kwa njia hiyo hiyo ya kuhesabu. Hakuwa na hadithi za ushujaa. Alipozungumzia vita vya Ogaden vya 1977, Somalia ilipopigana na Ethiopia, alisema bohari ilijaa hadi wakawa wanalala juu ya magunia, na jeshi linalolala juu ya magunia halina ukoo, kila mtu anamwita mwenzake ndugu. Kisha Warusi wakawaacha Wasomali wakaenda upande wa Ethiopia, wakaja na Wakuba, na Machi 1978 jeshi likarudi nyuma limeshindwa. Mwezi uliofuata maafisa wakajaribu kumpindua Barre wakashindwa. Tangu hapo, alisema Ami, rais hakuliamini tena jeshi lake, akaanza kuwapa vyeo watu kwa kuangalia babu zao.

"Nilijua kabla ya watu wote," aliniambia, "maana orodha za posho ndizo zilizobadilika kwanza."

Majina ya waliokufa yalibaki kwenye orodha, na afisa akawa anachukua mchele wao. Askari hewa, kama tunavyosema sisi kuhusu wafanyakazi hewa serikalini. Kombania ya watu mia kwenye karatasi ilikuwa na watu sitini uwanjani, na hao sitini walikuwa wanajua ni nani anayekula cha wale arobaini. Halafu afisa mwenye ukoo mkubwa akawa anapewa mafuta ya gari na mwenzake hapewi. Ami hakuwa na ukoo wa kujivunia pale, ni Mbajuni, kwa hiyo kila upande ulimwona hana madhara, na ndiyo maana aliachiwa ufunguo muda wote huo.

Mwaka 1988 serikali iliipiga Hargeisa, mji wake wenyewe wa kaskazini, kwa ndege zilizoruka kutoka uwanja wa ndege wa mji huo huo. Habari ikafika Kismayu kwa minong'ono. Mwaka uliofuata Barre akamwondoa waziri wa ulinzi, Adan Abdullahi Nur, mtu wa ukoo wa Ogaden, na askari wa ukoo huo waliokuwa Kismayu wakaasi. Kutokana na uasi ule kikazaliwa chama cha waasi cha SPM (Somali Patriotic Movement), na mmoja wa makanali wake, Ahmed Omar Jess, baadaye akawa mmoja wa majina yaliyogombania mji ule miaka na miaka.

Wanaoandika historia husema askari waliasi. Ami alisema walikuja na mkokoteni. Sajini mwenzake, mtu aliyekula naye sinia moja, alibisha hodi usiku, akamwamkia, akamwomba ufunguo. Kwa adabu kabisa. Hawakutaka risasi, risasi walikuwa nazo. Walitaka sukari, unga na mafuta ya kupikia. Ami akafungua, akahesabu magunia yakitoka, akaandika, kisha akamgeuzia yule sajini daftari atie sahihi. Na mwasi akatia sahihi! Nimeuona ule ukurasa. Ni safu ya Kisomali cha herufi za Kilatini, tarakimu zilizonyooka, na mwisho mkwaruzo wa kalamu ya mtu mwenye haraka.

Nikamuuliza kwa nini alijisumbua kuandika siku jeshi linapovunjika. Akanitazama kama niliyeuliza upuuzi. "Ningeandika zimeliwa na panya?"

Basi hivyo ndivyo jeshi lile lilivyokwisha, kwa maelezo yake. Mshahara ukija haununui kitu, kwa kuwa shilingi ya Somalia ilikuwa imekufa. Posho haiji. Askari anabaki na mali moja tu iliyo na bei, nayo ni bunduki yake, na anaichukua aende nayo kwao. Na kwao ni kwa ukoo. Barre alipoondoka Mogadishu, lile lililokuwa miongoni mwa majeshi makubwa ya Afrika lilikuwa limeshagawanyika vipande, na kila kipande kina kamanda wake anayejiita jenerali.

Kijana mmoja mpiganaji alikuja baadaye, mwaka wa 1993. Sitasema alipigana upande gani. Mjini kwetu wako wa pande zote na wanaswali safu moja. Wakati huo Kismayu ilikuwa inavutwa kati ya Kanali Jess, aliyekuwa upande wa Jenerali Aidid, mbabe wa vita wa Mogadishu, na Jenerali Mohamed Said Hersi, yule wanayemwita Morgan, mkwe wa Barre. Wamarekani na Wabelgiji walishuka bandarini Desemba 1992. Februari 1993 watu wa Morgan wakaingia mjini wanajeshi wa kigeni wakiwapo. Ami alipolisikia hilo alicheka mpaka akakohoa.

Hapa nikiri kwamba sisi Waamu hatuna haki ya kucheka sana. Babu zetu waliwapiga watu wa Mombasa na Pate pale Shela, kiasi cha mwaka 1812, na masimulizi yanasema mashua za wavamizi zilikwama maji yalipopwa. Tukashinda vita vya jamaa zetu wenyewe, halafu tukauogopa ushindi, tukamwita Sayyid Said wa Oman atulinde. Akaleta liwali na askari, na kutoka hapo hatukuwa tena wenyewe. Mtu akimpiga ndugu yake, kesho yake hutafuta mgeni wa kulala mlangoni.

Turudi kwa kijana. Alikuwa hajaota ndevu, na sikio la kulia lilikuwa halisikii. Kazi yake ilikuwa kulisha mkanda wa risasi kwenye bunduki nzito iliyofungwa nyuma ya Landkruza iliyokatwa paa, yale magari waliyoyaita teknikali. Fundi wa mashine za boti asiyesikia vizuri ni balaa, maana sisi mashine tunaisikiliza. Yeye akajifunza kuweka kiganja juu ya mfuniko, akafumba macho, akakwambia silinda ya chini haichomi. Mara nyingi alikuwa sahihi kuliko mimi na masikio yangu mawili.

Nilimuuliza siku moja, gari lile lilikuwa la jenerali? Akashangaa. Gari lilikuwa la mfanyabiashara. Bunduki ilikuwa ya mtu mwingine. Dereva alikuwa na fungu lake, mpiga bunduki fungu lake, mwenye gari fungu lake ambalo lilikuwa kubwa kuliko yote, na yeye mlisha mkanda alipewa mirungi asubuhi na chochote atakachoweza kubeba mwenyewe jioni. Kamanda akituma ujumbe kwamba waende mahali fulani, mpiga bunduki anauliza kwanza kuna nini huko. Kama kuna ghala, wanakwenda. Kama hakuna kitu, gari halina mafuta.

Kilichonishangaza zaidi ni pesa. Nikimlipa Alhamisi, ikifika Maghrib hana hata senti. Hanywi pombe, hana mke, hachezi kamari. Ananunua tu: nyama, soda, viatu, saa ya plastiki, anagawa, mpaka ziishe. Mke wangu akampa kibubu cha udongo. Akakivunja siku hiyo hiyo. Tulipombana alieleza bila haya kwamba kule ukilala na kitu, hukiamki nacho. Mwenzako atakichukua ukiwa usingizini, na ukiamka mapema kumzuia atakupiga risasi, kwa hiyo mwenye akili hula chake kabla jua halijazama. Nikafahamu ndipo kwa nini watu wale walikuwa wanang'oa mabati, nyaya za umeme, hata fremu za madirisha. Hakuna aliyekuwa akiiba kwa ajili ya mwaka ujao.

Nisieleweke kwamba naomba radhi kwa niaba yao. Wabajuni wa visiwani waliporwa mashua na nyavu, wakauawa, wanawake wakafanyiwa yasiyoandikika. Ami alikuwa na ndugu zake katika hayo. Kwa muda mrefu hakula sinia moja na yule kijana. Alikuwa akichukua sahani yake anakwenda kukaa nje kwenye ngazi. Watu hupenda kusikia kwamba mwishowe walikumbatiana. Hawakukumbatiana. Alimfundisha kuandika mistari ya chaki, akamtuma spana, akamkemea, akamwombea dawa ya sikio kwa daktari, lakini sahani yake ilibaki ngazini.

Kamanda mmoja wa vita vile nilimkuta Malindi. Nilikuwa nimeitwa kutengeneza mashine za boti za wavuvi pale ufukweni, na jamaa mmoja akanipeleka kwa mzee wa Kisomali aliyekuwa akiuza vitambaa. Mtu mpole, kanzu imepigwa pasi, anamimina chai mwenyewe. Nilikuwa nimeshaambiwa kwamba alikuwa afisa, na kwamba baada ya jeshi kuvunjika alikuwa na zaidi ya vijana mia chini yake. Nilidhani hatazungumza. Kumbe alikuwa anatafuta wa kumsikiliza.

Alisema amri zake zilizowahi kutiiwa zote zilikuwa ni zile ambazo vijana walikuwa wameshaamua wenyewe. Ilimbidi asikilize usiku wanazungumza nini, asubuhi awaamrishe hicho hicho. Hakuweza kumchapa mwizi, kwa sababu mwizi ana ukoo, na ukoo utakuja kudai dia, fidia ya damu. Hakuweza kukataa shambulio, kwa sababu wazee wa ukoo ndio waliokuwa wakileta ngamia wa kuchinja na pesa za mafuta, na wakikasirika wanawachukua watoto wao nusu saa tu. Alilala kila usiku mahali tofauti, na aliokuwa akiwakimbia si maadui.

Machi 1993 viongozi walitia saini mkataba Addis Ababa, silaha zisalimishwe ndani ya siku 90. Habari ilimfikia kwa redio ya upepo. Akawakusanya vijana akawasomea. Wakasikiliza kimya, kisha mmoja akauliza, tukishatoa bunduki, kesho adhuhuri tunakula kwa nani?

"Ukawajibu nini?"

"Fundi," akasema, "wewe una mafundi wangapi?"

Nikamwambia.

"Usipowalipa wiki mbili watafanya nini?"

"Wataondoka, mzee."

"Basi. Wangu hawakuondoka. Walikuwa na bunduki, kwa nini waondoke? Ilibidi niondoke mimi."

Nilirudi Amu nimejaa huruma. Nikamsimulia Ami yote huku akichagua nati. Akasikiliza mpaka mwisho, akauliza jambo moja tu: "Na yeye, katika miaka yote hiyo, kuna siku alikosa kula?"

Sikuwa nimemuuliza hilo. Lakini nilikumbuka duka la vitambaa lililojaa mpaka dari, na nikajiuliza mtaji ulitoka wapi. Kamanda anayejisimulia kuwa alikuwa mfungwa ana faida yake katika kusimulia hivyo. Naamini aliyoniambia, na naamini pia kwamba hakuniambia yote. Mambo hayo mawili yanakaa pamoja vizuri tu. Mtu anaweza kuwa mfungwa wa watu wake na bado akawa anapata fungu.

Ami aliishi hadi akaona jeshi la Kenya likiingia Somalia. Ilikuwa Oktoba 2011, baada ya wageni kutekwa Kiwayu na Manda, visiwa vya huku kwetu, na mwaka uliofuata, mwishoni mwa Septemba, wakaichukua Kismayu. Siku hiyo karakana ilijaa watu na redio. Kila mtu alikuwa na maoni kuhusu mizinga na meli. Yeye akauliza bohari wataiweka wapi na ufunguo atapewa mtu wa ukoo gani. Hakuna aliyemjibu. Alifariki kabla ya Juni 2014, na nashukuru hakuyaona ya Mpeketoni, ambako katika siku chache watu zaidi ya 60 waliuawa kwenye kaunti yetu.

Baada ya Mpeketoni tukawekewa kafyu, na uvuvi wa usiku ukapigwa marufuku. Kwa mtu wa bara huenda hilo likaonekana dogo. Hapa samaki wengi na kamba huvuliwa usiku, na mashua isiyotoka usiku haiharibu mashine, na mashine isiyoharibika hainiletei mimi kitu. Nikakaa wiki mbili bila kuwalipa mafundi, kisha wiki ya tatu. Asubuhi moja nikafika nikakuta mlango umefungwa, ufunguo umewekwa juu ya kizingiti. Wameondoka, kama nilivyomwambia yule mzee wa Malindi. Spana zote zilikuwapo. Nilikaa kwenye ngazi nikamshukuru Mungu kwamba nilikuwa na mafundi wenye spana tu.

Kwenye baraza zilizoitishwa wakati ule tuliulizwa sana kwa nini vijana wanavutwa kuvuka mpaka kwenda kupigana Somalia. Waliosimama walisema dini, siasa, ardhi, na kila mmoja alikuwa na ukweli wake. Mimi nilisema tuwahesabu wavuvi waliokaa bila posho, na tuulize ni nani anayewapigia simu. Nilipigiwa makofi machache ya heshima, wakaendelea na ajenda.

Yule kijana, ambaye sasa ni mtu mzima mwenye watoto na mvi mbili tatu, hakusema kitu barazani. Lakini jioni vijana wa wavuvi walikuwa wakimzunguka pale pwani, wanajua alikotoka, na wanataka kusikia habari za bunduki. Kuna watatu walikuwa wamepigiwa simu, wameahidiwa mshahara kwa dola. Aliwasikiliza mpaka wakamaliza, akageuza sikio zima upande wao, akauliza, "Gari ni la nani?"

Hawakuelewa. Akaanza kuwaeleza fungu la mwenye gari, fungu la mpiga bunduki, fungu la mlisha mkanda, mpaka saa za kafyu zikakaribia na watu wakaanza kukimbilia makwao. Wawili walibaki. Wa tatu alikwenda, na sina habari zake.

Wale wawili niliwachukua karakanani, kwa chakula cha mchana kwanza, maana sikuwa na zaidi. Mlango nilikuwa nimeupaka rangi baada ya Ami kufa, ikabidi wachore safu upya. Zuio la usiku lilipoondolewa, mashine zikaanza tena kuharibika, alhamdulillahi, nami nikaanza kuwalipa kila Alhamisi.